Mwaka unaoanza jua likipatwa

"Shikamoo mwalimu. Ninaandika riwaya ya kinjozi, na dunia yake ina jua moja na mwezi mmoja kama yetu. Katika ufalme wangu mwaka una siku 360 na unaanza siku jua linapopatwa kikamilifu. Adhuhuri nchi nzima inaingia gizani kwa wakati mmoja, na usiku wake watu wanacheza ngoma chini ya mwezi mpevu. Kila baada ya miezi mitatu mwezi nao unapatwa, na hiyo ndiyo mipaka ya majira yao manne. Mhusika wangu mkuu alizaliwa siku ya kupatwa kwa jua, na siku anapotimiza miaka 20 jua linapatwa tena juu ya mji wake. Rafiki yangu aliyesoma fizikia amepitia sura tatu za mwanzo, akasema kalenda hii haiwezekani hata kidogo. Nimeshaandika kurasa 200. Tena nina hofu nyingine: nikiirekebisha ikawa sahihi, makuhani watajua kila kitu mapema na watu hawatakuwa na cha kuogopa. Je, niitupe kalenda, au niseme tu ni uchawi niendelee?"

Marahaba. Usiitupe, na wala usikimbilie uchawi. Rafiki yako ameona makosa ya kweli, lakini aliposema haiwezekani hata kidogo alivuka mpaka. Kalenda ya kupatwa inawezekana. Hesabu yake ilipigwa Babeli zaidi ya miaka 2,000 iliyopita, na watu wasiokuwa hata na darubini, na ukiifuata utapata mwaka wa ajabu kuliko huo wako wa siku 360. Kurasa zako nyingi zitabaki. Ngoma ya mbalamwezi haitabaki.

Tuanze na hiyo ngoma, maana ndilo kosa ambalo msomaji yeyote anayeangalia juu usiku atalinasa. Jua hupatwa pale mwezi unapopita kati yake na sisi. Siku hiyo mwezi uko upande mmoja na jua, umechomoza nalo na utatua nalo, na uso wake uliotuelekea hauna mwanga. Usiku unaofuata ni wa giza totoro. Mwezi kupatwa ni kinyume chake: dunia ndiyo inayokaa katikati, kwa hiyo ni lazima mwezi uwe mpevu. Anayehesabu miezi kwa kuandama analijua hili bila kufundishwa. Jua hupatwa mwezi ukiwa 28 au 29, mwezi hupatwa ukiwa 14 au hapo hapo karibu. Basi wachezaji wako wape mienge, au wasubiri wiki mbili, kwa kuwa kupatwa kwa jua na kwa mwezi mara nyingi hufuatana kwa kupishana siku 14 au 15.

Na kama ufalme wako una pwani, kuna jambo jingine la kutumia. Jua na mwezi vikiwa kwenye mstari mmoja huvuta bahari kwa pamoja, ndiyo maana kila kupatwa, kwa jua au kwa mwezi, huangukia majira ya bamvua. Wavuvi wako hawatajua ni lini jua litapatwa, lakini watajua vizuri ni lini haliwezi kupatwa: siku yoyote ya maji mafu. Kuhani tapeli akitangaza giza siku ya maji mafu, mvuvi wa kwanza atakayemsikia atacheka.

Kosa la pili ni zito zaidi. Kivuli kizito cha mwezi kikigusa ardhi huwa ni doa tu, mara nyingi la upana wa kilomita 100 hadi 200 na ushei, na doa hilo linakimbia juu ya nchi kuliko ndege ya abiria. Aliye ndani ya mstari wake hupata giza la dakika chache. Kikomo chake ni dakika 7 na nusu hivi. Aliye nje ya mstari, hata kwa mwendo wa siku chache kwa miguu, anaona jua limemegwa kama biskuti na mchana unaendelea. Mji mmoja ukiuacha ukae karne nyingi mahali pake utapata kupatwa kamili kwa jua kwa wastani mara moja katika miaka 375 hivi. Huo ni wastani: kuna miji hupata mara mbili ndani ya miaka michache, na kuna mingine vizazi kumi hupita bila kitu. Kwa hiyo mwaka unaosubiri giza kamili juu ya mji mkuu utakuwa mrefu kuliko dola yenyewe.

Mwezi hauna ubaguzi huo. Ukipatwa, kila aliye upande wa usiku anauona, mfalme na mchungaji kwa dakika ile ile, na wekundu wake unaweza kudumu zaidi ya saa moja na nusu. Hapa ndipo ninapokuomba ubadilishe kitu kikubwa: tukio la nchi nzima liwe la mwezi, na jua kupatwa kikamilifu kuwe jambo la kijiji kimoja ambalo vijiji vingine vitalisikia kwa wasafiri na kulibishia. Mgogoro mzuri wa riwaya umo humo. Wenye mji mkuu hawakuona kitu, walala hoi wa bondeni wanaapa jua lilizimika na kuku wakalala.

Sasa nikueleze mtambo wenyewe, kwa sababu bila kuuelewa utakuwa unabahatisha kila sura.

Tungekuwa tunapata kupatwa kila mwezi kama njia ya mwezi angani ingelala juu ya njia ya jua. Hailali hivyo. Imeinama digrii 5 na ushei. Ni kidogo, lakini jua na mwezi kila kimoja kina upana wa nusu digrii tu, kwa hiyo miezi mingi mwezi unapita juu ya jua au chini yake bila kuligusa. Chukua pete mbili kubwa, uzishikanishe zikiwa zimeinamiana kidogo: utaona zinakutana mahali pawili tu. Kupatwa hutokea pale tu jua linapokuwa karibu na mojawapo ya makutano hayo mawili, na mwezi nao ukawa hapo au upande wa pili mkabala.

Watu wa kale wa India waliyapa makutano hayo majina, Rahu na Ketu, kichwa na mkia wa joka linalomeza jua. Wanafalaki wa leo bado wanaita muda wa mwezi kurudi kwenye kutano lile lile, siku 27.2, mwezi wa joka. Na nikuchokoze kidogo kama mwandishi: katika Kiswahili tunasema jua "limepatwa". Na nani? Lugha haisemi. Sidhani kuna mlango mzuri zaidi wa kumwingiza joka.

Makutano yenyewe hayatulii. Yanarudi nyuma polepole, yanamaliza mzunguko wa anga kwa miaka 18.6. Kwa sababu hiyo jua linafika kwenye kutano kila baada ya siku 173.3, si nusu kamili ya mwaka. Likifika, mlango unafunguka kwa siku 34 hivi, kisha unafungwa. Nitaliita hilo "mlango" kuanzia sasa, na wewe unaweza kulipa jina la kwenu. Giza la mwezi, yaani siku mwezi usipoonekana kabla ya kuandama, hurudi kila siku 29.5, muda mfupi kuliko mlango unavyokaa wazi. Maana yake hakuna mlango unaopita bila jua kupatwa angalau mara moja, kikamilifu au kwa sehemu, mahali fulani duniani. Weka akilini maneno hayo matatu, mahali fulani duniani. Nitayarudia.

Milango miwili ni siku 346.6, na huo ndio mwaka wa kweli wa kupatwa. Ni mfupi kuliko mwaka wa jua kwa karibu siku 19. Wazo lako la mwezi kupatwa kila baada ya miezi mitatu linaanguka hapa: kati ya kupatwa kwa mwezi na kunakofuata hupita mwezi 1, au miezi 5, au miezi 6. Mitatu haipo, wala minne. Majira manne yatafutie alama nyingine, nyota kwa mfano.

Miezi 6 ya kuandama ni siku 177.2. Mlango unakuja baada ya siku 173.3. Basi ukihesabu sita, sita, sita, kila mara unachelewa karibu siku 4, na baada ya mara saba au nane utakuwa umeukosa mlango. Dawa yake ni kuhesabu mara moja miezi 5 badala ya 6, halafu ukaendelea. Makarani wa Babeli waliliona hili katika rekodi zao walizoandika kwenye vibao vya udongo, wakapata kanuni ambayo hadi leo inanifurahisha kila ninapoifikiria: katika miezi 223 kuna milango 38, thelathini na mitatu inayokuja baada ya miezi 6 na mitano inayokuja baada ya miezi 5, ikipangwa kwa makundi ya 8, 7, 8, 7, 8. Baada ya hapo duru inaanza upya. Leo duru hiyo inaitwa sarosi. Ni siku 6,585 na saa 8, yaani miaka 18 na siku 10 au 11 kwa kalenda tunayotumia.

Wagiriki waliitia ndani ya mashine. Ule mtambo wa shaba uliopatikana kwenye meli iliyozama karibu na kisiwa cha Antikythera, ukatolewa baharini mwaka 1901, una nyuma yake uso uliochorwa kwa mzunguko wa konokono wenye vyumba 223, na baadhi ya vyumba vimeandikwa alama za kupatwa kwa jua na kwa mwezi. Lakini uso mwingine wa mtambo ule ule unahesabu miezi na miaka ya kawaida. Wamaya wa Amerika ya Kati nao, katika kitabu chao kinachohifadhiwa Dresden, Ujerumani, wana jedwali la kupatwa la miezi 405, siku 11,960, ambazo ni sawasawa na mara 46 ya kalenda yao takatifu ya siku 260. Unaona walichofanya? Hakuna kati yao aliyefanya kupatwa kuwe kalenda ya kulimia. Walikuwa na kalenda ya maisha, na pembeni yake kalenda ya hatari, na kazi ya wasomi ilikuwa kuzipatanisha hizo mbili.

Nakushauri ufuate njia hiyo, kwa sababu itakupa kalenda inayofanya kazi bila kudanganya chochote. Mwaka wa hekalu uwe wa milango miwili. Kwa kawaida utakuwa na miezi 12, ya siku 30 na 29 kwa kupishana karibu wakati wote. Ila palipo na mlango mfupi, ule unaokuja baada ya miezi 5, mwaka unakuwa na miezi 11. Ukifuata mpangilio wa 8, 7, 8, 7, 8, duru moja inatoa miaka 19 ya hekalu, na miaka mifupi ni wa 4, wa 8, wa 12, wa 15 na wa 19. Piga hesabu mwenyewe: miaka 14 ya miezi 12 na mitano ya miezi 11, jumla miezi 223. Katika hiyo 223, miezi 118 ni ya siku 30 na 105 ni ya siku 29. Zile saa 8 zinazobaki zikijikusanya kwa duru tatu zinafanya siku moja nzima, kwa hiyo kila duru ya tatu makuhani wanaongeza siku. Siku hiyo moja, inayokuja mara moja katika miaka 54 hivi, isiyo ya mwezi wowote! Sikwambii uifanyie nini, lakini ningekuwa na riwaya ningeitumia.

Na mwaka uanze lini? Pale pale ulipotaka, jua linapopatwa. Siku ya giza la mwezi iliyo ndani ya mlango, mwaka mpya unatangazwa. Jua limepatwa mahali fulani duniani, labda katikati ya bahari, labda kwenye barafu, labda juu ya maadui. Sisi hapa hatukuona kitu, lakini kuhani amesema na ngoma zimepigwa. Kwangu mimi hilo lina nguvu kuliko giza la nchi nzima. Taifa zima linasherehekea jambo ambalo karibu hakuna aliyewahi kuliona, kwa kuamini hesabu ya watu wachache. Siku moja likionekana kweli juu ya mji, itakuwaje?

Kalenda hii ina ubaya wake na sitakuficha. Mwaka mpya utarudi nyuma dhidi ya majira karibu siku 19 kila mwaka. Tumezoea kuona miezi ya Hijria ikizunguka majira yote kwa miaka 33 hivi. Huu wa hekalu utazunguka kwa 18 na nusu. Mkulima hawezi kupanda kwa kuutegemea. Atakuwa na kalenda yake ya nyota au ya mvua, na hekalu litamwona mshirikina, naye atawaona makuhani watu wasiojua jembe. Usiliondoe gumu hili kwa kuongeza siku za kuziba pengo. Ukiziba, milango itakimbia na kalenda itakuwa ya jua tu iliyovaa kanzu ya kupatwa.

Nije kwenye hofu yako ya pili, kwamba hesabu itaua hofu. Hapa zile saa 8 ndizo mkombozi wako. Duru ikiisha, kupatwa kunarudi, lakini dunia imeshazunguka theluthi ya ziada, kwa hiyo kunaangukia theluthi ya dunia upande wa magharibi. Tarehe 29 Machi 2006 kivuli kilipita Ghana, Libya na Uturuki. Duru moja baadaye, tarehe 8 Aprili 2024, ndugu yake alipita Mexico, Marekani na Kanada. Anayefuata katika ukoo huo ni wa tarehe 20 Aprili 2042, na atakuwa Asia ya kusini-mashariki. Kuhani mwenye rekodi za mji mmoja anajua mlango ni lini. Hajui kama utakachotoa kitaonekana kwake au kitatokea jua likiwa limeshatua. Kwa mwezi ana nafasi nzuri zaidi, lakini hata huko mara kwa mara mwezi unafifia tu kwenye kivuli chepesi na watu wanarudi kulala wakinung'unika. Na kuna mawingu. Milango mitupu itakuwa mingi kuliko yenye kitu, na kila mmoja lazima ulindwe kana kwamba umebeba kifo cha mfalme.

Hilo la kifo cha mfalme halikutoka kichwani mwangu. Huko Mesopotamia, karne ya 7 kabla ya Kristo, kupatwa kulikoonekana kubashiri kufa kwa mfalme kulijibiwa kwa kumweka mtu mwingine kwenye kiti. Alivikwa, akapewa heshima za kifalme, mfalme halisi akajificha, na muda ulipoisha yule wa badala akauawa ili ubashiri uwe umetimia. Watu hao ndio hao waliokuwa wakijifunza kutabiri siku za kupatwa. Kwa hiyo usiamini kwamba anayejua lini haogopi. Tarehe ikijulikana miezi 6 kabla, hofu inapata muda wa kupanga, kununuliwa na kuuzwa.

Ombi dogo tu: usitumie ile mbinu ya shujaa kuwatisha wenyeji kwa kupatwa anakokujua. Kolumbasi aliifanya kweli Jamaika, tarehe 29 Februari 1504, akiwa na kitabu cha majedwali mkononi, na tangu hapo waandishi wameikamua hadi imekauka.

Mhusika wako sasa. Nilidhani nitakuambia umpunguzie umri, halafu nikapiga hesabu nikatabasamu. Miaka 20 ya hekalu ni duru moja, miezi 223, na mwaka mmoja juu yake, miezi 12. Jumla 235. Na miezi 235 ya kuandama, kwa bahati ya anga letu, inalingana na miaka 19 ya jua kwa tofauti ya saa mbili hivi. Wagiriki wanamhusisha Meton wa Athene na ugunduzi huo, ingawa Babeli walikuwa nao. Maana yake: siku mhusika wako anapotimiza miaka 20 ya hekalu, anatimiza pia miaka 19 ya jua, siku ile ile, mwezi ukiwa gizani vile vile na mlango bado uko wazi. Jua lilipatwa tarehe 21 Juni 2001, likapatwa tarehe 21 Juni 2020, na litapatwa tarehe 21 Juni 2039. Kwa hiyo sura yako ya kilele inasimama. Kuna masharti mawili tu. Hakikisha ule mwaka mmoja wa ziada si mmoja wa miaka mifupi, la sivyo hesabu inapungua mwezi. Na usitarajie vyote viwili, kuzaliwa kwake na miaka yake 20, viwe giza kamili juu ya mji mmoja. Kimoja kiwe kamili, kingine jua limegwe kwa sehemu, au liwe kupatwa kwa kipete, pale mwezi unapokuwa mbali kidogo, ukashindwa kulifunika jua lote na kuacha duara la moto pembeni. Ningechagua azaliwe chini ya kile kilichoonekana kidogo, ambacho mama yake alikiona kupitia majani ya mti, kwenye vivuli vya mwanga vyenye umbo la hilali chini ardhini. Jambo hilo hutokea kweli.

Kama baada ya haya yote bado unataka kupatwa kunakopiga kama saa, kila mwezi bila kukosa, basi lazima ubadilishe anga, na kila badiliko lina gharama. Ukiulaza mwezi kwenye njia ya jua, utapata kupatwa kila mwezi, lakini kila mwezi mpevu utazimwa kwa saa kadhaa, na mbalamwezi ya usiku kucha wataipata wale tu ambao kwao ni mchana mwezi unapozimwa, na baada ya kizazi kimoja hakuna atakayeinua kichwa. Ukiufanya mwezi uwe na upana mara mbili ukiwa umbali ule ule, kivuli chake kinapanuka hadi karibu kilomita 3,500 na giza linaweza kudumu saa nzima au zaidi, hapo nchi yako nzima inaingia gizani kama ulivyotaka. Lakini ukiwa na uzito wa kulingana na ukubwa huo, utavuta bahari mara 8 ya sasa na pwani yako itakuwa tope la maili nyingi. Tena utapoteza sehemu kubwa ya lile taji jeupe la jua, kwa sababu tunaliona vizuri hivyo kwa bahati tu, mwezi kulitosha jua karibu sawasawa.

Njia ninayoiona safi kwa anayetaka saa ni kuwahamisha watu wako: waishi kwenye mwezi wa sayari kubwa. Io, mwezi wa sayari ya Mshtarii (Jupita), huingia kwenye kivuli cha sayari hiyo kila mzunguko, kila baada ya saa 42 na nusu, na hukaa humo zaidi ya saa mbili. Kupatwa huko ni kwa uhakika kiasi kwamba Galileo alipendekeza mabaharia wakutumie kama saa, na mwaka 1676 mwanafalaki Rømer wa Denmark aligundua humo kwamba mwanga una mwendo, baada ya kuona saa hiyo ikichelewa dunia ilipokuwa mbali. Kwa ulimwengu wako maana yake ni hii: mwezi wa namna hiyo huigeuzia sayari uso mmoja daima. Walio upande huo jua lao linazimwa mchana, kila mchana wao. Walio upande wa pili hawajawahi kuiona sayari wala kupatwa. Watu wa aina mbili, kalenda mbili, dini mbili. Lakini hiyo ni riwaya nyingine, na kurasa zako 200 hapo ndipo zingeenda na maji.

Kuna mambo ambayo barua haitoshi. Ukiamua kuongeza mwezi wa pili, usijiamulie umbali na siku zake kwa macho. Miezi miwili huvutana, na mpangilio unaoonekana mzuri kwenye karatasi unaweza kuutupa mmoja nje baada ya muda. Mtafute mhadhiri wa fizikia au unajimu wa kisayansi katika chuo kikuu kilicho karibu nawe, au mtu wa klabu ya wapenda nyota, mkae naye na kompyuta saa moja. Nenda na maswali yaliyoandikwa, hasa umbali, ukubwa na siku za kila mwezi. Huyo rafiki yako wa fizikia anaweza kuwa ndiye. Kwa kalenda ya milango 38 humhitaji mtu, ila programu ya Stellarium, ambayo ni ya bure, itakuonyesha kupatwa kwa mwaka wowote uone mwendo wake.

Na kama utasafiri kwenda kuona kupatwa kwa jua ili uandike vizuri, jambo ambalo ninakuhimiza, nunua miwani maalumu ya kutazamia jua. Miwani ya kawaida ya jua haifai, filamu ya eksirei haifai, na beseni la maji haliondoi hatari. Ni zile dakika za giza kamili tu unazoweza kutazama kwa macho matupu, na kwa kupatwa kwa kipete hakuna dakika hata moja. Jicho halina maumivu linapoungua kwa ndani. Ukiona doa katikati ya uoni saa chache baadaye, nenda kwa daktari wa macho siku hiyo hiyo. Waingize na makuhani wako hapo: kundi la watu walioangalia jua maisha yao yote lazima liwe na vipofu, na pengine mwenye hesabu sahihi kuliko wote ni mzee asiyeona, anayehesabu milango kwa mafundo ya kamba.